Koo langu linawasha baada ya kuimba nyimbo za wanawake wa Galicia: je, niache?

SWALI: Shikamoo Mwalimu. Mimi ni Mtanzania mwenye umri wa miaka 38, ninaishi na familia yangu Santiago de Compostela, katika jimbo la Galicia, kaskazini-magharibi mwa Hispania. Nyumbani niliimba sauti ya kwanza katika kwaya ya kanisa kwa miaka mingi. Mwaka juzi nilijiunga na kikundi cha wanawake wa mtaani kwetu wanaopiga matari na kuimba nyimbo za asili za Kigalicia. Anayetufundisha alijifunza kwa bibi wa vijijini, na hutuambia tuimbe kwa sauti ya kifua, wazi, bila kulainisha. Nilifurahi sana. Lakini tangu Januari, mpiga gaita (zumari la mfuko wa ngozi) alipojiunga nasi kwa ajili ya maonyesho ya kiangazi, kila baada ya mazoezi koo huniwasha, na kesho yake sauti huwa nzito hadi karibu na saa tano asubuhi. Nilimtumia rekodi mwalimu wangu wa zamani wa kwaya, akasema hiyo ni kelele, kwamba hatuimbi katika tuni, na kwamba nitaharibu sauti yangu. Je, ni kweli? Niache, niimbe nyimbo hizo kwa ulaini wa kwaya, au niendelee? Na mgeni kama mimi ana nafasi gani katika jambo hili?

JIBU: Marahaba, dada. Nimelisoma swali lako kwa makini, nami naona limebeba hofu mbili zilizofungwa pamoja. Unaogopa kwamba ukiendelea utapoteza sauti, na unaogopa kwamba ukiacha, au ukiimba kwa namna nyingine, utawavunja moyo wanawake waliokupokea. Nitangulize jibu ili usome mengine kwa utulivu. Namna hiyo ya kuimba, yenyewe kama yenyewe, haiharibu koo. Hata hivyo, dalili unazozieleza si za kupuuzwa, na umelitaja kwa kupita jambo ambalo kwangu mimi ndilo kiini cha tatizo lako. Uliimba zaidi ya mwaka mmoja bila maumivu, kisha ikaja gaita.

Nianze na neno "kelele", kwa heshima zote kwa mwalimu wako wa kwaya, ambaye amekuonya kwa nia njema. Kwaya ya kanisa hutafuta sauti ambazo zinayeyukiana hata asisikike mmoja mmoja, na kwa sababu hiyo waimbaji wa sauti ya kwanza hufundishwa kuingia mapema katika sauti ya kichwa. Uimbaji wa wanawake wa Galicia, wanaoitwa kantareira, umekua mahali pengine kabisa. Uliimbwa na wanawake waliokutana jioni za baridi kusokota kitani, mikutano iitwayo fiadeiro, au waliokusanyika kumenya mahindi, na uliimbwa uwanjani siku za mapumziko ili vijana wacheze. Gaita kwa kawaida ilipigwa na wanaume, na mara nyingi mpigaji alikodiwa kwa sikukuu. Ngoma za siku za kawaida zilibebwa na wanawake kwa sauti zao na pandeireta, tari la mviringo lenye visahani vya chuma pembeni. Fikiria kazi iliyotakiwa kwa sauti hiyo: iongoze miguu ya wachezaji, isikike nje penye upepo, na ipite juu ya mlio wa visahani hivyo, ambavyo hujaza sauti za juu kali. Sauti laini ya kichwa katika mazingira hayo ingemezwa. Sauti ya kifua iliyo wazi, iliyonyooka bila kutetemeshwa na yenye ukali kiasi, hupenya.

Namna inavyopenya ndilo jambo ambalo ningependa ulielewe vizuri, kwa kuwa hapo ndipo wengi hukosea. Ndani ya zoloto kuna nyuzi mbili za sauti, ambazo hukutana na kuachana hewa ya mapafu inapopita katikati yake. Katika sauti ya kichwa nyuzi huwa nyembamba na hukutana kwa kugusana kidogo. Katika sauti ya kifua huwa nene, hukutana kwa upana wake wote, na hubaki zimefungana kwa muda mrefu zaidi katika kila mzunguko. Kufungana huko ndiko kunakoipa sauti ile rangi ya shaba. Baada ya hapo, kazi ya kuikuza sauti hufanywa na nafasi ya koo na kinywa: mdomo ukifunguka kwa upana, ulimi ukikaa mbele na irabu ikitamkwa kama katika mazungumzo, sauti hutoka kubwa bila kuongezewa hewa. Mzee wa kijijini aliyeimba hivi hadi miaka 80 hakuwa na koo la chuma. Hakusukuma, basi. Mgeni anayemsikiliza huona ukubwa wa sauti, akadhani umetokana na nguvu za kifua, naye akasukuma hewa nyingi kwenye nyuzi zilizokwisha kufungana, na hilo ndilo linaloumiza.

Sasa tuhesabu. Ukiimba nota ya La iliyo juu ya Do ya kati, nyuzi zako hukutana mara 440 kwa sekunde moja. Katika dakika 10 za kuimba mfululizo hiyo ni mara 264,000. Ni kama viganja vinavyopiga makofi: havidhuriki kwa kupiga vizuri, lakini ukivigonganisha kwa nguvu kwa muda mrefu vitakuwa vyekundu na kuvimba. Nyuzi zilizovimba huwa nzito, huchelewa kuitika, na hiyo ndiyo sauti unayoamka nayo kesho yake. Kwamba uzito huo huisha kufikia saa tano asubuhi ni dalili njema, kwa kuwa maana yake ni kwamba uvimbe bado unapungua wenyewe. Kwamba hujirudia kila baada ya mazoezi, tangu Januari, si dalili njema hata kidogo.

Turudi kwenye gaita. Chombo hiki hupata hewa kutoka katika mfuko unaobanwa kwa mkono, na ili nota zisiyumbe shinikizo lazima libaki lilelile. Kwa hiyo gaita haina uwezo wa kupunguza sauti ili kumpisha mwimbaji. Inalia kwa ukubwa mmoja tangu mwanzo hadi mwisho. Tena ina ufunguo wake, ambao haubadiliki: nyingi ni za Do, nyingine za Re au za Si bemoli (yaani Si iliyoshushwa nusu toni). Kabla ya Januari, naamini, mwalimu wenu alianzisha wimbo mahali palipomfaa yeye, nanyi mkamfuata. Sasa ufunguo unatolewa na mti na ngozi. Ikiwa wimbo uliokaa vizuri kwenye koo lako umepandishwa toni moja na nusu, sauti ya kifua uliyoizoea inalazimishwa kuvuka mpaka wake wa kawaida, ambao kwa wanawake wengi uko karibu na Mi au Fa juu ya Do ya kati, na wewe, uliyezoezwa na kwaya kubadilisha sauti hapohapo, huna mazoea ya kuuvuka kwa usalama.

Juu ya hilo liko jambo la chumba. Mwaka 1911 daktari Mfaransa Étienne Lombard alieleza kwamba mtu anayezungukwa na kelele hupandisha sauti yake bila kujua, kwa sababu tu hajisikii. Mkiwa wanawake kumi na kitu kila mmoja na tari lake, katika chumba chenye kuta tupu, na gaita katikati, hakuna hata mmoja wenu anayejisikia vizuri, na ninyi nyote mnasukuma. Hakuna anayelifanya kwa hiari, na kuambiwa "usisukume" hakusaidii. Kinachosaidia ni kubadilisha mazingira.

Hapa ndipo ninapotaka kukuondolea wazo kwamba kulinda koo lako ni kuusaliti utamaduni. Mwanamke aliyeanzisha wimbo uwanjani hakuulizwa na mtu yeyote aanzie wapi. Alianzia palipomfaa, na jioni moja akiwa na mafua alianzia chini zaidi, na wenzake wakamfuata. Uhuru wa kuchagua mahali pa kuanzia ni sehemu ya uimbaji huu sawa na maneno na mapigo. Vivyo hivyo mapumziko yamo ndani ya umbo lenyewe la nyimbo: nyingi ni beti za mistari minne, mmoja huanza na wengine humpokea au kurudia, kisha kati ya ubeti na ubeti matari hupiga yenyewe huku wachezaji wakibadilisha hatua. Kila koo lilipata nafasi ya kupumua. Vikundi vya jukwaani vilivyoanza kujitokeza mwanzoni mwa karne ya 20 vilizoesha masikio ya watu wa mijini kusikia gaita, matari na waimbaji wengi kwa pamoja, na ni kitu kizuri cha kutazama, ila kikundi kikiimba kila mstari wote kwa pamoja juu ya gaita kwa saa mbili, kimeyaondoa mapumziko ambayo wazee waliyaweka.

Kuhusu tuni, mwalimu wako amesikia jambo la kweli akalipa jina lisilo lake. Katika nyimbo nyingi za zamani za Galicia, nota ya tatu ya ngazi, na wakati mwingine ya saba, huimbwa mahali fulani katikati ya kubwa na ndogo, na huko kinanda hakina kitufe. Waimbaji wawili waliokua pamoja huipata nota hiyo palepale, ubeti baada ya ubeti. Mtu anayekosea hakosei kwa usahihi namna hiyo. Mtaalamu wa muziki kutoka Uswisi, Dorothé Schubarth, aliyezunguka vijiji vya Galicia akirekodi kati ya 1978 na 1983, alifanya kazi kubwa ya kuziandika nyimbo hizo, na mkusanyiko alioutoa pamoja na Antón Santamarina, kuanzia 1984, una juzuu 7. Alifika kwa wakati. Watu wengi walikuwa wamehamia Buenos Aires, Havana, na baadaye Ujerumani na Uswisi. Usokotaji wa nyumbani ulikuwa umekwisha. Redio na bendi za dansi zilichukua nafasi ya viwanja. Na wasichana wengi walikuwa wamekulia wakiona haya kwa lugha na nyimbo za mama zao, kwani Kigalicia kilipata hadhi rasmi kando ya Kihispania mwaka 1981 tu. Katika utawala wa Franco, dikteta wa Hispania, tawi la wanawake la chama tawala lilikuwa limezipanga ngoma na nyimbo za majimbo ziwe za maonyesho, zilizosawazishwa na kusafishwa. Ndiyo maana kizazi kilichofuata kililazimika kurudi kwa bibi wenyewe kujifunza upya: kundi la Leilía, lililoanzishwa 1989 hukohuko Santiago unakoishi, na mwimbaji Mercedes Peón, ambaye kwa miaka mingi alikwenda kijiji kwa kijiji akiwasikiliza wazee kabla na hata baada ya kutoa kazi zake mwenyewe. Hawakuleta nyimbo tu. Walileta namna ya kuzitoa, na mwalimu wenu, kwa maelezo yako, yuko katika njia hiyohiyo. Anastahili kusikilizwa.

Kwa hiyo, kuziimba nyimbo hizo kwa ulaini wa kwaya ni chaguo unalo, na koo lako litapumzika, lakini nakwambia wazi kwamba sikushauri ulifanye la kudumu. Utakuwa umeshika melodia ukaacha mambo yaliyoifanya iwe kazi ya wanawake wale: irabu za mazungumzo, nota za katikati, mshiko wa pigo. Lifanye kwa majuma matatu ya kupumzisha koo, kisha urudi. Kuacha kabisa sioni sababu, isipokuwa daktari aseme hivyo. Kuendelea kama mlivyo sasa, hapana.

Njia ninayoiona bora ni kuzungumza na mwalimu wenu kabla ya mazoezi yajayo, ukimweleza kama unavyonieleza mimi, kwani si ajabu kwamba wenzako wanaumia vilevile na wanaona aibu kusema. Pendekeza nyimbo zigawanywe: nyimbo za wanawake ziimbwe kwa matari peke yake, katika ufunguo wa anayeanzisha, na gaita ipige ngoma zake, muinyeira na shota, bila waimbaji. Kama ni lazima viende pamoja, mwulizeni mpigaji kama ana gaita ya Si bemoli, ambayo itawashusha toni moja nzima kutoka ile ya Do. Kwa koo la mwanamke toni moja ni mbali. Katika mazoezi, wapige matari wawili tu na wengine wapige mapaja, simameni nusu duara ili msikilizane, na jifunzeni maneno kwa kuyasema badala ya kuyaimba. Vizibo vya masikio vya wanamuziki pia vina faida, kwa sababu husaidia ujisikie kutoka ndani.

Ukiwa peke yako nyumbani, anza na dakika tano za kupuliza sauti kupitia mrija uliotumbukizwa katika bilauri ya maji, ukipanda na kushuka taratibu. Zoezi hili huziwezesha nyuzi kukutana bila kugongana. Kisha mwite mtoto wako kwa jina kama anayecheza upande wa pili wa uwanja, bila hasira na bila haraka. Sikiliza: sauti imekwenda mbali, mdomo umefunguka, tumbo halikubana. Sauti hiyo ndiyo anayoitaka mwalimu wenu. Imba mstari mmoja kwa sauti ileile, kisha mstari wa pili, na ukihisi muwasho rudi chini toni moja. Shika pandeireta kwa mkono wa kushoto, mkono wa kulia ukiwa ngumi iliyolegea inayozungushwa na kifundo, kwa sababu bega likikaza shingo nayo hukaza, na nimewaona wengi ambao tatizo la koo lao lilianzia begani. Kigalicia kina irabu saba ambapo Kiswahili kina tano, kwa kuwa E na O zina namna mbili kila moja, ya wazi na ya kubana. Jifunze kuzitofautisha, kwani irabu ya wazi kwenye nota ya juu hurahisisha kazi ambayo ungeifanya kwa nguvu.

Na usijipime na waimbaji wa jukwaani. Mwaka 2022 kundi la Tanxugueiras lilishindania nafasi ya kuiwakilisha Hispania katika Eurovision, shindano la nyimbo la nchi za Ulaya, likaongoza kura za watazamaji ingawa lilimaliza la tatu kwa jumla, na tangu hapo wanawake wengi wamevutiwa na sauti hiyo. Ila jukwaani kuna maikrofoni, na kila mwimbaji ana kifaa sikioni kinachomrudishia sauti yake. Ninyi hamna hivyo, kwa hiyo kiwango chao cha ukubwa wa sauti si kipimo chenu.

Umeuliza nafasi ya mgeni. Mkusanyiko mkubwa niliokutajia ulifanywa na mwanamke wa Uswisi, kwa hiyo swali la kuzaliwa wapi lilikwisha kujibiwa. Lililobaki ni adabu. Unapoimba, taja wimbo umetoka kijiji gani na kwa nani, kama ilivyo desturi huko. Mwaka 2025, Siku ya Fasihi ya Kigalicia, 17 Mei, ambayo kwa kawaida hutolewa kwa mwandishi mmoja marehemu, ilitolewa kwa ushairi simulizi wa wananchi, na waliouwakilisha walikuwa wanawake wa mashambani: Rosa na Adolfina Casás wa Cerceda, Eva Castiñeira wa Muxía, na Manuela Lema, Teresa García Prieto, Asunción na Prudencia Garrido, wapiga tari wa Mens, Malpica. Wasikilize. Hapo mjini kwenu Museo do Pobo Galego, makumbusho ya watu wa Galicia, inatunza kumbukumbu ya urithi simulizi. Na ukibahatika kumpata bibi wa kumrekodi, omba ruhusa kwanza, mwandike jina, kijiji, aliyemfundisha na ngoma iliyoendana na wimbo, na uwape wanawe nakala.

Mwisho ni daktari, na hapa nakuomba usisubiri maonyesho yapite. Maumivu yanayojirudia kwa miezi kadhaa yanatosha kukupeleka kwenye kituo cha afya cha mtaani kwako, kuomba rufaa kwa daktari wa masikio, pua na koo. Atakutazama nyuzi kwa kamera ndogo. Ni kipimo cha dakika chache. Akikuta uvimbe au vinundu vichanga usihuzunike, kwa maana mara nyingi hutibiwa kwa mazoezi ya sauti pamoja na logopeda, yaani mtaalamu wa tiba ya sauti na usemi, bila upasuaji. Mweleze kama una kiungulia, kwa sababu asidi ya tumbo nayo huwasha koo na huifanya sauti iwe nzito asubuhi. Kwa sasa kunywa maji, epuka pipi za mnanaa kabla ya kuimba kwa kuwa zinaficha maumivu, na usinong'one ukidhani unapumzika. Sauti nzito isiyoondoka kwa wiki tatu hadi nne ni ya kuchunguzwa hata kama hukuimba kabisa. Lakini sauti ikikatika ghafla katikati ya wimbo, nyamaza papo hapo, usijaribu ubeti mwingine, na uonwe siku hiyo au kesho yake. Na ukitema damu, ukipata shida ya kupumua au kumeza, au ukigusa uvimbe shingoni, usingoje rufaa, nenda moja kwa moja hospitali.